Upepo Usiolia Haubebi Siku

Katika nchi ninayoiandika, mtu haulizwi ana miaka mingapi. Huulizwa, "Ulipokelewa na sauti gani?" naye hujibu kwa kuvumisha kooni sauti ya upepo uliokuwa ukivuma saa aliyozaliwa. Mkunga ndiye anayeichukua sauti hiyo. Mtoto akishalia, mkunga hutoka uani, husimama chini ya kamba iliyofungwa baina ya minazi miwili, husikiliza mpaka sauti imkae, kisha hurudi ndani kumwimbia mama. Baba hufundishwa siku hiyohiyo. Huko mtu aliyesahau sauti yake hana umri, na kadhi hampokei kuwa shahidi.

Nchi hiyo naiita Tondoo, na upepo wake unaitwa Vumi. Kwetu siku huletwa na jua, mwezi huandama, na muziki hupigwa na watu. Kule Tondoo kazi hizo zote ni za Vumi. Unakovuma, embe linaiva, ndevu zinaota, kidonda kinafunga, mimba inakua. Unakokatika, hayo yote husimama. Watu wataendelea kutembea, kupika, kugombana na kupatana, lakini unga hautaumuka, maziwa hayataganda, na dafu litabaki dafu.

Wahusika wangu wamekuja na kuondoka, upepo umebaki. Nataka kueleza ulivyojengwa, kwa sababu naamini kwa moyo wote kwamba anayebuni dunia nyingine kwa Kiswahili amezungukwa na mali ambayo bado haijaguswa. Vijana wengi wanaonipa miswada yao huanzia kwenye theluji, makasri ya mawe na mbwa mwitu wa misitu ya baridi. Wanaandika vizuri, na wana haki ya kuandika wanachokipenda. Ninachosikitikia ni kwamba hawajui kuwa wangeweza kuanza hapa. Mwaka 1951 Shaaban Robert alitupa Kusadikika, nchi nzima inayoelea angani, akaijaza mawaziri, mahakama na wajumbe waliotumwa pande zote, na hakuhitaji kuazima hali ya hewa ya mtu.

Kwa watu wa pwani yetu, upepo unaoleta wakati ulikuwepo kweli. Kuanzia Novemba au Desemba hadi Machi huvuma kaskazi, kutoka upande wa Uarabuni na India. Kuanzia Aprili huingia kusi, nayo hutawala hadi Septemba au Oktoba. Chanzo chake kiko mbali na sisi: bara la Asia linaposhika joto la kiangazi chake, hewa iliyo juu yake hupanda, na hewa ya bahari huvutwa kwenda kushika nafasi yake. Bara likipoa, mwendo hugeuka. Kati ya pepo hizo mbili kuna tanga mbili, majuma ambayo upepo haujaamua, na nahodha mwenye akili huyatumia kukalafati chombo na kushona tanga.

Majahazi ya Sur, ya Maskati, ya Basra na ya Kachi yalikuja na kaskazi, yamebeba tende, chumvi, vyombo vya udongo na nguo. Yalirudi na kusi, yamebeba boriti za mikoko, pembe na viungo. Lakini haikuwa kusi ya siku yoyote tu. Juni na Julai kusi huwa kali kiasi kwamba bandari za magharibi mwa India zilifungwa kabisa. Kwa hiyo palikuwa na milango miwili: uondoke mapema, kusi ikiwa bado changa, au usubiri demani, ukali utakapopungua kuanzia Agosti. Aliyechelewa mlango wa kwanza alikaa miezi. Alipanga chumba, alifanya urafiki, alikopa na kukopesha, alioa. Sehemu kubwa ya miji yetu ya mawe, ya lugha yetu na ya nasaba zetu imetokana na watu waliokuwa wakisubiri upepo ugeuke.

Bibi yangu mzaa mama hakuwa na tarehe ya kuzaliwa ya mtoto wake hata mmoja. Alikuwa na pepo. Mjomba wangu mkubwa alizaliwa "kaskazi, majahazi yameshatia nanga." Wa pili alizaliwa "kusi imekatika, tunaanika dagaa." Mama yangu alizaliwa tanga mbili, na Bibi aliamini kabisa kwamba ndiyo sababu haamui jambo upesi. Nilipoanza kuandika kuhusu Tondoo nilikuwa na hakika ya jambo moja: kwamba upepo unaweza kuwa kalenda, na kalenda hiyo ikawa na tabia, na tabia hiyo ikaingia ndani ya mtu.

Mabaharia na wakulima walikuwa na hesabu iliyo makini zaidi ya hiyo ya Bibi. Mwaka wa Nairuzi, uliotujia kutoka Uajemi, una siku 365. Umegawanywa miongo 36 ya siku kumi kumi, na zinabaki siku tano. Siku yake ya kwanza ndiyo Siku ya Mwaka, ambayo watu wa Makunduchi huiadhimisha kila Julai katika Mwaka Kogwa, wanaume wakichapana kwa migomba na kibanda cha makuti kikitiwa moto. Hesabu hii ilihitajika kwa sababu mwaka wa Kiislamu hufuata mwezi, na kila mwaka hutangulia jua kwa takriban siku 11. Ramadhani inaweza kuangukia kaskazi mwaka huu na baada ya miaka kadhaa ikaangukia kusi. Mwezi hautamwambia nahodha lini atweke. Ndiyo maana Ahmad ibn Majid, mwanamaji mkubwa wa karne ya 15 aliyetokea Julfar huko Uarabuni, aliandika misimu ya safari kwa siku za Nairuzi: kutoka bandari fulani kwenda bandari fulani, anza siku ya kadhaa wa kadhaa.

Sasa hapa pana jambo ambalo mimi halinipi usingizi kwa uzuri wake. Nairuzi haina siku ya ziada kila mwaka wa nne. Kwa hiyo kila baada ya miaka minne hesabu huachana na jua kwa siku moja, na katika miaka mia huachana kwa siku kama 24. Upepo unabaki palepale, kwa sababu unafuata joto la Asia; hesabu inateleza. Mjukuu akitumia namba za babu yake bila kuzisahihisha, atatweka tanga wakati kusi bado inavunja milingoti. Nilipolielewa hilo, siasa ya Tondoo ilijiandika yenyewe. Kuna chama cha Wahesabu, wenye vitabu, na kuna chama cha Wasikilizaji, wenye kamba. Wahesabu wanasema leo ni siku ya nne ya mwongo wa saba, na mtu alipe kodi. Wasikilizaji wanasema upepo wa mwongo wa saba haujafika, na kodi ya siku ambayo haijaletwa ni dhuluma. Damu imemwagika kwa ajili ya hilo, na wote wawili wana sababu ya kusema wanachosema.

Kuna safari moja inayoonyesha vizuri kuliko nadharia yoyote jinsi upepo unavyobeba wakati. Tarehe 24 Aprili 1498, Vasco da Gama aliondoka Malindi, akiwa na rubani aliyepewa na mfalme wa mji ule, mtu aliyejua kwamba mlango wa kusi ulikuwa umefunguka. Tarehe 20 Mei walitia nanga karibu na Calicut. Bahari nzima waliivuka kwa siku 26. Wakati wa kurudi hawakungoja kaskazi. Waliondoka upande ule wa India mwanzoni mwa Oktoba, upepo ukiwa haujageuka, wakazurura baharini katika shwari na pepo za mbele kwa karibu miezi mitatu. Kiseyeye kiliwaua watu kama 30 katika kivuko hicho kimoja, na waliobaki hawakutosha kuongoza vyombo. Waliifikia Malindi Januari 7, 1499.

Maji yaleyale, vyombo vilevile, watu walewale. Aliyeufuata upepo alitumia chini ya mwezi, na aliyeupinga alitumia robo ya mwaka na akazika wenzake njiani. Kwa mtu anayebuni dunia, hayo ni zaidi ya habari za historia. Yanasema kwamba umbali wenyewe hukaa ndani ya upepo. Ndiyo maana katika ramani za Tondoo hakuna maili. Kati ya mji na mji mchoraji huandika sauti mbili, moja ya kwenda na moja ya kurudi, na aghalabu hazifanani.

Wasomaji wa kwanza wa mswada wangu waliuliza jambo ambalo nadhani kila mtu angeuliza: kama Vumi una misimu miwili, mmoja wa kupeleka na mmoja wa kurudisha, je, msimu wa pili unarudisha miaka nyuma? Nilikataa, na nitaendelea kukataa. Kaskazi ilimleta nahodha na kusi ikamrudisha, lakini haikumrudisha kijana. Alifika kwao na mvi mbili zaidi, na mtoto aliyemwacha anatambaa alimkuta anachunga mbuzi. Katika hadithi, wakati unaoweza kurudishwa hupunguza thamani ya kila msiba. Ukimpa mama upepo wa kumrudishia mwanawe aliyezama, umemnyang'anya machozi yake, na msomaji hatayaamini tena machozi ya mtu yeyote katika kitabu hicho. Vumi wa kwenda na Vumi wa kurudi wote wanazeesha.

Si sisi tu tuliounganisha mambo haya. Huko Athens bado umesimama mnara wa marumaru wenye pande nane, uliojengwa na Andronicus wa Cyrrhus zaidi ya miaka 2000 iliyopita. Juu ya kila upande amechongwa mungu wa upepo mmoja akiruka, chini yake imechorwa mistari ya kusomea saa kwa kivuli cha jua, na ndani mlikuwa na saa ya maji. Na katika nchi ya Sistan, mpakani mwa Iran na Afghanistan, kuna upepo ambao wenyeji wanauita upepo wa siku 120, kwa sababu huvuma tangu mwisho wa masika yao hadi mwisho wa kiangazi. Huko mashariki mwa Iran watu walijenga vinu vya upepo kwa udongo na mbao, vikizunguka kwenye mhimili uliosimama wima, na baadhi bado vipo. Nafurahi kujua kwamba yapo. Lakini sikuyatumia, nilitaka upepo wenye chumvi.

Sehemu iliyobaki ilikuwa muziki, na huko nilitaka sheria, si pambo. Upepo unaoimba ni rahisi kuuandika. Kila mtoto wa shule ameshaandika kwamba upepo uliimba. Swali langu lilikuwa: unaimba sauti ipi, na kwa nini hiyo?

Mtu aliyewahi kulala ndani ya mashua usiku wa kusi, tanga likiwa limeteremshwa, anaijua sauti ya henza, kamba ya kupandishia tanga. Si mluzi wala si ngurumo. Ni mvumo mmoja unaopanda na kushuka kadiri upepo unavyopata nguvu na kulegea, na ukiweka mkono juu ya mlingoti unausikia mpaka kwenye mifupa. Mwaka 1878 mwanafizikia Mcheki, Vincenc Strouhal, aliipima sauti ya namna hiyo kwa kutumia nyaya. Aliona kwamba inategemea mambo mawili: kasi ya hewa na unene wa waya. Chukua kasi, igawanye kwa unene, kisha chukua takriban moja ya tano ya jibu, utapata idadi ya mitikisiko kwa sekunde. Upepo wa mita 10 kwa sekunde ukipita kwenye kamba ya unene wa sentimita moja hutoa mitikisiko kama 200. Upepo huohuo ukipungua nusu, mitikisiko huwa 100, yaani sauti ileile ikiwa imeshuka oktava moja. Urefu wa kamba hauna neno katika hesabu hiyo. Lakini kamba nayo ina sauti yake ya asili, kutokana na urefu wake na jinsi ilivyokazwa, na sauti ya upepo ikilingana na hiyo, kamba huitika na mlio huwa mkubwa ghafla.

Chanzo cha mlio huo ni kitu ambacho jicho halikioni. Hewa inapopita kwenye kamba, huacha nyuma yake vizunguko vidogo vidogo, kimoja upande huu na kimoja upande wa pili, kwa zamu isiyokosea. Theodore von Kármán alieleza kwa hesabu mpangilio wa vizunguko hivyo mwaka 1911 na 1912. Watu walikuwa wakiufurahia mlio huo zamani kabla ya hesabu. Athanasius Kircher alieleza kinubi kinachopigwa na upepo katika kitabu chake cha mwaka 1650, na baadaye watu wa Ulaya waliviweka madirishani.

Nilipozisoma namba za Strouhal nilijua nimepata sheria ya kwanza ya Tondoo. Upepo ukienda kasi, sauti hupanda. Na kwa kuwa upepo ndio unaobeba siku, sauti ikipanda, siku zinapita haraka. Oktava moja juu ni siku mbili katika nafasi ya moja. Kwa hiyo kila mtu mwenye masikio anasikia bei ya anachoishi. Wakulima wanapenda sauti ya juu, kwa kuwa mtama hukomaa upesi. Akina mama wenye watoto wadogo wanaichukia. Mtu anayemuuguza mzazi wake hufunga madirisha.

Kisha nikaona dhuluma ambayo sikuwa nimeipanga. Kama sauti inategemea pia unene, basi kamba nene hutoa sauti ya chini kuliko kamba nyembamba katika upepo uleule. Bwana mwenye shamba anayelipa vibarua kwa siku anaweza kutundika kamba nene. Watasikia sauti ya chini, wataamini zimepita siku tatu, na kumbe miili yao imefanya kazi ya siku sita. Watazeeka kwa siku ambazo hawakulipwa. Ndiyo maana katika soko la kila mji wa Tondoo kuna pete ya shaba iliyopigiliwa kwenye nguzo, na kamba yoyote ya kusikilizia lazima ipite humo bila kubana wala kulegea. Uasi wa kwanza katika kitabu changu unaanza siku kibarua mmoja anapoirukia kamba ya bwana wake, anaikata kipande na kukimbia nacho kwenda sokoni kukipima. Sikuitunga tamaa ya bwana yule. Nimeiona katika mizani ya karafuu, katika mizani ya pamba na korosho, na katika daftari la kazi ambalo kibarua haruhusiwi kulishika.

Sheria ya pili ilinichukua muda zaidi, nayo ndiyo iliyonipa hadithi. Upepo usiolia haubebi siku. Vumi ukipita mahali ambapo hakuna kitu cha kutetemesha, si kamba, si jani, si ukingo wa paa, unapita mtupu. Ukishaiweka sheria hiyo, jambo la kwanza ambalo matajiri watafanya linajulikana.

Watajenga ukuta. Ndani ya mji wa Ukindu kuna mtaa uliozungukwa na ukuta wa matumbawe mrefu kuliko minazi, na ndani yake hakuna mti wenye majani, hakuna kamba ya kuanikia nguo, hakuna zulia lenye matamvua. Milango imezungushiwa pamba. Watumishi hutembea peku. Wanaokaa humo ni vijana tangu wakati wa babu za babu wa watu wa nje. Nje, ufukweni, watu huzaliwa, huzeeka na kufa wakiwaivishia chakula, kwa sababu ndani embe haliivi. Ndizi huingia zimeiva. Siki huingia ikiwa siki. Hata mkate huumuliwa nje, na mwanamke anayeuumua huongeza siku kwenye uso wake ili mtu mwingine asiongeze.

Nilitaka gharama ya ukuta huo iwe ya kweli, kwa sababu matajiri wa hadithi aghalabu huadhibiwa kwa radi, na radi ni njia ya mkato. Gharama ipo ndani ya sheria yenyewe. Kidonda hakifungi ndani ya ukuta. Aliyejikata kidole lazima atolewe nje, akakae upeponi na watu wa kawaida mpaka apone, na kila anayetoka hurudi na siku zake. Na huzuni nayo ni kidonda. Mjane wa ndani ya ukuta hulia leo kama alivyolia siku ya maziko, na kesho vilevile, kwa sababu kinachopunguza kilio ni siku, na siku hazimfikii. Kuna bibi mmoja katika sura ya tano, uso wake wa msichana, ambaye amefiwa tangu kabla ya bandari kujengwa na bado hawezi kulitaja jina la mumewe. Nimeiandika sura ile kwa uchungu kuliko zote. Nimefiwa, na najua kwamba kama mtu angenipa ukuta siku ile ningeingia, kwa kuogopa kwamba siku zikipita nitamsahau.

Ndani ya ukuta, kosa kubwa kuliko wizi ni kupiga mluzi. Sisi tulikatazwa mluzi usiku tukiambiwa tunaita nyoka na mashetani. Kule mtoto akipiga mluzi uani, kila anayemsikia anazeeka kwa urefu wa mluzi huo. Pumzi ni upepo. Ikipita kwenye kitu kinacholia, inabeba siku.

Na hapo ndipo zumari ilipoingia. Mpigaji wa zumari mwenye ujuzi hakati sauti. Hujaza mashavu hewa, na anapovuta pumzi kwa pua huendelea kusukuma kwa mashavu, ili mlio usikatike hata kidogo. Ukienda Lamu kwenye kirumbizi, vijana wakichezeana fimbo, utaona mashavu ya mpigaji yamevimba na macho yamemtoka, na zumari inaendelea kana kwamba kifua chake hakina mwisho. Pwani yetu imewahi kuipa pumzi heshima kubwa: siwa, yaani baragumu kubwa, ile ya Pate ya pembe za ndovu na ile ya Lamu ya shaba, zilipulizwa katika shughuli za wakubwa, na shughuli isiyo na siwa haikuwa na uzito. Lakini siwa hutoa tangazo, kisha hunyamaza. Mimi nilihitaji pumzi isiyokatika.

Mwanakheri ameolewa ndani ya ukuta akiwa na mimba ya miezi miwili. Imesimama hapohapo. Wakwe hawamruhusu kutoka, kwa kuwa atakayerudi atakuwa mkubwa kuliko mumewe, na wao wanaona hiyo ni aibu. Kaka zake ni wapiga zumari. Wanaingia kama wachukuzi wa maji, zumari zimefichwa ndani ya mafumba ya mikeka, na wanakaa naye katika chumba cha ndani kabisa, kuta zimetandikwa magodoro. Wanapiga kwa zamu. Mmoja akichoka, wa pili hushika sauti ileile kabla wa kwanza hajaachia, usiku na mchana, mpaka mtoto azaliwe.

Wapo watakaosema haiwezekani watu kushikilia sauti moja muda wote huo. Katika kanisa la Mtakatifu Burchardi, mjini Halberstadt, Ujerumani, kinanda cha upepo kinapiga kazi ya John Cage, mtunzi wa muziki Mmarekani, tangu Septemba 5, 2001, na kimepangwa kumaliza mwaka 2640, yaani miaka 639. Kilianza na kimya, mvumo wa hewa tu kutoka kwenye mivuo, mpaka Februari 2003 ndipo sauti ya kwanza ikasikika. Mabadiliko ya Februari 5, 2024 yaliwakusanya watu kutoka mbali kuja kusikia sauti moja ikiongezwa. Hakuna aliyeanzisha kazi ile atakayesikia mwisho wake. Wameamua tu kwamba daima atakuwepo wa kupokea. Wapiga zumari wangu wanahitaji siku 210.

Au chache zaidi, na hapo ndipo ugomvi ulipo. Kwa sheria ya kwanza, wakipiga oktava moja juu ya sauti ya kawaida, siku 210 zinakuwa 105. Wakipanda kwa sauti ya tano tu, yaani mitikisiko mara moja na nusu ya ile ya kawaida, zinakuwa 140. Kadiri wanavyopanda ndivyo hatari ya kugunduliwa inavyopungua, na ndivyo mwili wa Mwanakheri unavyolazimika kujenga mtoto kwa haraka, akila chakula cha siku mbili kwa siku moja, katika nyumba ambayo jikoni wanahesabu hata mayai. Na kila kilicho ndani ya chumba kinakwenda naye: ndimu zinaoza, chokaa ya ukutani inabanduka, kaka zake wanaota mvi. Walianza na sauti ya tano. Mkunga waliyemwingiza kwa siri aliikubali.

Sasa niko mwezi wa sita wa mimba. Kaka mkubwa amepata kikohozi, na katika chumba kile kikohozi nacho kinakomaa upesi. Mdogo anataka wapandishe mpaka oktava ili wamalize kabla kifua cha mwenzake hakijashindwa. Mkubwa anakataa, na wanabishana kwa mikono, kwa sababu daima mmoja wao ana zumari mdomoni. Mwanakheri ameshawatazama vya kutosha. Amemtuma mkunga atoke nje ya ukuta akamwite kaka wa tatu, yule aliyekataa kuja tangu mwanzo.